Mnauliza, Tunajibu: Siti binti Saad, sahani za Ujiji na wimbo wa tumbaku

Toleo lililopita tulitoa ukurasa mmoja juu ya Siti binti Saad, mwimbaji wa Unguja aliyeichukua taarabu ya barazani kwa wakubwa akaiimbia habari za watu wa kawaida. Barua zilizofuata zimejaza zaidi ya ukurasa mmoja, na nyingi zina mhuri wa Tabora na Kigoma. Tumechagua sita. Nyingine zilikuwa na jibu moja, tumeziunganisha.

Baba mkubwa anashikilia kwamba Siti ni damu yetu, Mnyamwezi wa Tabora. Dada zangu wanamcheka, wanasema ni Mzanzibari na habari imekwisha. Tuamulieni, maana kila tukikaa kula ni hiyo hiyo.
*Msomaji, Isevya, Tabora*

Baba mkubwa ana haki, na dada zako wana haki. Siti alizaliwa kijiji cha Fumba, Unguja, karibu mwaka 1880. Baba yake, Saad, asili yake Unyamwezi. Mama yake Mzigua. Hilo lisikushangaze. Karne ile njia ya misafara ilianzia Ujiji, ikapita Tabora, ikashuka Bagamoyo na kuvuka bahari, na wapagazi wake wengi walikuwa Wanyamwezi. Wengine walifika pwani kwa hiari, wengine kwa minyororo. Jina alilopewa Siti alipozaliwa lilikuwa Mtumwa. "Siti", yaani bibi wa heshima, alilipata ukubwani, baada ya sauti yake kumfungulia milango.

Lakini mwambie baba mkubwa asitafute ngoma za Kinyamwezi, manyanga wala hiari ya moyo, ndani ya santuri zake. Hazimo. Siti alikulia Fumba, akitembeza vyungu kuvileta mjini kuuza, na mwaka 1911 akahamia mjini kabisa. Huko Ali Muhsin akamfundisha kuimba kwa ala. Baadaye akawa na kundi lake, lenye watu kama Subeit Ambar, Maalim Shaaban na Mbaruk Talsam. Muziki alioukuta ulikuwa wa ikulu. Sultani Barghash alikuwa amemtuma Mohamed Ibrahim kwenda Misri kuujifunza, na uliimbwa Kiarabu. Siti akauimba Kiswahili. Leo jambo hilo laonekana dogo; wakati ule lilimaanisha kwamba mpishi, hamali na muuza samaki waliosimama nje ya dirisha walielewa kila neno.

Na maneno yenyewe yalikuwa ya mjini. Wimbo wake wa Kijiti unahusu mauaji yaliyotokea kweli: mwanamke mgeni kutoka Dar es Salaam aliuawa, mtuhumiwa akakimbilia bara, na wanawake waliotoa ushahidi ndio waliotiwa hatiani, kwa hoja ya pombe iliyonywewa siku ile. Kesi ilikwisha mahakamani, ikaendelea midomoni mwa watu kwa sababu ya wimbo. Machi 1928 Siti na wenzake walikwenda Bombay kurekodi, na santuri zikaanza kusafiri kwa njia zile zile za biashara hadi zikatufikia huku bara. Alifariki mwaka 1950. Mkitaka maisha yake kwa urefu, Shaaban Robert aliyaandika katika *Wasifu wa Siti binti Saad*, jaribuni kukitafuta maktaba za shule kongwe.

Mwangaluka wahariri. Sisi ni kikundi cha akina mama tisa, tunacheza ngoma na kuimba kwenye harusi na sherehe za kijiji. Tumetaka kutunga wimbo wa kusema jambo: tumbaku tunailima sote, lakini siku ya malipo fedha ni za baba. Tumeanza hivi: "Jamii amkeni, wanawake wanaonewa / Tumbaku tunalima, fedha hatuzioni kabisa." Kila tukiuimba unakwama, na watu hawaitikii. Tumekosea wapi?
*Katibu wa kikundi, Urambo*

Mwangaluka, mama. Mmekosea mahali pawili, na yote mawili yanatibika kabla ya wikendi.

La kwanza ni hesabu. Taarabu ya zamani na mashairi mengi ya Kiswahili husimama juu ya mstari wa mizani 16, uliokatwa katikati: 8 na 8. Hesabuni wa kwanza: *ja-mi-i-a-m-ke-ni*, mizani 7. *Wa-na-wa-ke-wa-na-o-ne-wa*, mizani 9. Jumla ni 16, ndiyo maana kwenye karatasi mliona uko sawa. Lakini mkato umeteleza. Mpiga ngoma anarudi mwanzo, mwimbaji bado ana mzani mmoja mdomoni. Anaumeza au anakimbia. Mstari wa pili ni mbaya zaidi: 7 na 10. Huko kukwama mnakokusikia ni mizani iliyozidi, sauti zenu hazina kosa.

Njia ya kuhesabu bila kuchoka: mmoja asome taratibu, mwingine adondoshe punje ya mahindi kwa kila mzani. Angalieni "m". Ikisimama yenyewe mbele ya konsonanti nyingine, kama katika *amkeni* au *mfuko*, ina mzani wake. Katika *tumbaku* haina. "Mba" ni mzani mmoja. Wengi huangukia hapo hapo.

La pili ni kubwa kuliko hesabu. Mistari yenu inahutubia. "Jamii amkeni" ni maneno ya bango la semina. Msikilizaji akiyasikia anajua kitakachofuata, anageukia soda yake. Na "wanaonewa" haionyeshi kitu. Nani, wapi, akifanya nini? Mtu aliyewahi kukesha kwenye bani, banda la kukaushia, akichochea moto wa tumbaku ya mvuke ana picha kichwani zenye nguvu kuliko neno "kuonewa". Tieni picha hizo. Huu hapa mfano tuliouunda kwa jambo lenu, muuvunje mtakavyo:

*Nimekesha kwenye bani, kuni motoni natia*
*Robota lipo mzani, jina lake nasikia*
*Noti zake mfukoni, mimi moshi nanukia*

Kiitikio: *Jina lake, moshi wangu.*

Kila kipande kina mizani 8, vina vya kati ni *-ni*, vya mwisho *-ia*. Kiitikio nacho ni 8, kipande kimoja, ili wasikilizaji wakishike mara ya pili kukisikia. Zaidi ya maneno mawili mapya kwenye kiitikio mmeshawapoteza.

Tazameni neno moja: *nanukia*. Hatukuandika *nanuka*. Kunuka ni lalamiko. Kunukia ni manukato. Mama anaposema moshi wa bani ndio manukato aliyopata msimu mzima, wanawake watacheka kwanza, kisha watanyamaza. Mume naye aliyekaa mbele hawezi kusimama kusema ametukanwa, kwa kuwa hakuna tusi. Hapo ndipo fumbo linapofanya kazi. Fumbo lisilofumbuliwa na mtu yeyote halina faida, na lililo wazi mno ni matangazo tu. Kipimo chetu ni hiki: mwimbieni mtu mmoja asiyejua mnachokusudia, kisha mwulize, "Nani kaumia humu?" Akijibu sawasawa bila kutajiwa, limekaa. Akisema "mnafundisha vizuri", limeharibika.

Sasa urefu. Mstari mmoja ukiimbwa kwa mwendo wa kawaida unakula kama sekunde 6. Mistari mitatu, kila mmoja mara mbili, sekunde 36. Kiitikio, ambacho ni nusu mstari, mara nne, sekunde 12. Ubeti mzima ni sekunde 48 hivi. Kwa hiyo beti nne na ngoma ya kufungulia zinatosha: dakika tatu na nusu. Beti saba mlizotuambia mnazo ni nyingi, chagueni. Ubeti wa bani uwe wa kwanza kwa sababu una mwili ndani yake, mikono na jasho. Wa pili uwe wa mzani na marobota chama cha msingi. Wa tatu rudini nyumbani: kilichonunuliwa na kisichonunuliwa, kwa majina yake, kama ni redio semeni redio, kama ni daftari za watoto semeni daftari. Wa nne acheni swali. Msitie jibu wala "tushirikiane". Wakienda nyumbani na swali watagombana usiku kucha, na huo ndio ushindi wenu.

Mmeuliza pia chini ya barua kama muimbe Kinyamwezi. Kama wasikilizaji wenu ni wa kijijini, naam, na huenda ukauma zaidi. Lakini msichukue wimbo wa Kiswahili mkautafsiri neno kwa neno juu ya sauti ile ile. Kinyamwezi ni lugha ya toni: neno lile lile likipandishwa au kushushwa sauti laweza kuwa neno jingine, na mizani 8 ya Kiswahili haina uhusiano nayo. Mwambieni bibi mmoja mwenye lugha iliyokomaa *aseme* mstari, si kuimba, mara tatu. Fuateni sauti yake inapopanda na inaposhuka, na ghani yenu ipande na kushuka hapo hapo. Mkiupandisha wimbo mahali neno linaposhuka, wazee watasikia kitu kingine kabisa, pengine cha kuchekesha. Wasomaji wa Kasulu na Kibondo nao walitegee sikio hili, Kiha ni vile vile.

Je, Siti binti Saad na Bi Kidude ni mtu mmoja?
*Mwanafunzi, Nguruka*

Hapana, kijana. Bi Kidude ni Fatuma binti Baraka, wa kizazi kilichofuata. Nyimbo nyingi alizozitia maarufu aliziokota kwa Siti, na juu ya taarabu alikuwa mpiga ngoma wa unyago. Alifariki Aprili 2013.

Wanangu, nimeachiwa na marehemu kaka yangu sanduku la sahani za zamani za kinanda, yaani santuri, kumi na nne. Nyingine zina maandishi ya Kiarabu na Kiswahili, na mbili nadhani ni za huyo Siti mliyemwandika. Zina vumbi na ukungu mweupe. Jirani ana kinanda cha kuzungusha kwa mkono, mjukuu anataka azifute kwa spiriti kisha tuzipige. Nifanyeje?
*Mzee, Ujiji*

Shikamoo mzee. Kwanza kabisa, mzuie mjukuu na chupa yake ya spiriti. Sahani hizo, ikiwa ni za mizunguko 78 kwa dakika, zimeshikanishwa kwa lakiri, na lakiri huyeyuka kwenye spiriti. Akifuta mara moja tu mfereji wa sauti unalainika na kung'aa, na kilichokuwa ndani hakirudi. Mafuta ya taa, petroli na dawa ya viatu ni mwiko pia.

Utazitambuaje? Ya upana wa sentimita 25 huwa na uzito wa kama gramu 200, ni ngumu kama kigae, haipindi hata kidogo. Ikidondoka inavunjika vipande. Sahani nyepesi inayopindapinda ni ya plastiki, ya miaka ya baadaye, na masharti yake ni mengine.

Kuosha. Tafuta maji yaliyosafishwa yasiyo na chumvi, yale yanayouzwa kwa kuongeza kwenye betri za gari. Lakini soma chupa kwa makini, kwani madukani chupa ya tindikali hukaa rafu hiyo hiyo. Unataka maji, hutaki tindikali. Lita moja inatosha sahani zote. Yawe vuguvugu, ya moto hayafai. Tia matone mawili ya sabuni ya vyombo, yasizidi, maana povu likikaukia kwenye mfereji linakuwa uchafu mpya. Kipande cha karatasi cha katikati, kile chenye majina, kisiguswe na maji: kifunike kwa kifuniko cha kopo kinachokitosha, ukikandamize kwa kidole. Chukua brashi mpya ya rangi yenye nywele laini, ilowe, uipitishe kwa kuzunguka kama mistari inavyozunguka. Usikate mistari kuelekea katikati, utasukuma mchanga uikwaruze. Usiloweke sahani kwenye beseni. Suuza kwa maji masafi ya aina ile ile, kisha futa kwa kitambaa cha pamba kisichotoa nyuzi. Khanga iliyochakaa ni bora kuliko taulo.

Zikaushe kivulini, zimesimama, kama saa mbili. Juani hapana. Jua la Ujiji la saa saba linatosha kulainisha lakiri, na sahani iliyojikunja haikunjuki ikawa kama zamani. Ule ukungu mweupe ukiuosha unatoka, lakini umeshakula kidogo. Utausikia kama mchakato wa mafuta kwenye kikaango.

Kuhusu kinanda cha mkono: ni kizuri kukitazama, na sahani za kawaida unaweza kuzipiga kujifurahisha. Hizo mbili usiziweke huko. Kichwa chake hulalia sahani kwa uzito wa gramu mia na zaidi, na sindano yake ya chuma imetengenezwa isagike kwa dakika tatu ifuate umbo la mfereji. Ndiyo maana wenyewe walibadilisha sindano kila upande mmoja. Siku hizi watu huweka moja mwezi mzima, na ikishasagika inageuka patasi. Sindano ya cherehani ndiyo mbaya kuliko zote.

Unachohitaji ni mashine ya umeme yenye mwendo wa 78 na sindano *ya 78*. Uliza kwa jina hilo. Ncha yake ni kama milimita 0.075, ya sahani za plastiki ni kama 0.02. Ukitumia hiyo nyembamba itazama hadi sakafu ya mfereji, penye vumbi la miaka tisini, na utasikia kelele bila mwimbaji. Uzito wa mkono uwe gramu 3 hadi 5.

Ikiwa mashine iliyopo mjini Kigoma inaishia 45, bado kuna njia. Piga kwa 45, mwimbaji atasikika kama mtu mgonjwa, rekodi hivyo hivyo kwenye kompyuta. Kisha mwambie mjukuu aongeze mwendo kwa asilimia 73.3 katika programu kama Audacity, achague ile amri inayobadilisha mwendo na sauti kwa pamoja. Hesabu yake ni 78 ugawe kwa 45. Sauti ya chini itakuwa si sawasawa, fundi wa studio atainyoosha.

Arekodi pande zote mbili za waya, kushoto na kulia, kisha azichanganye ziwe moja. Sahani hizi zina sauti moja tu, na kelele nyingi za upande mmoja hupungua zikichanganywa. Faili liwe WAV, biti 24, kilohazi 96. Upande wa dakika tatu utachukua kama megabaiti 100, kwa hiyo flashi ya gigabaiti 8 inabeba zote kumi na nne kwa nafasi. Nakala hiyo ya kwanza asiiguse tena. Akitaka kuondoa mchakato wa kelele afanye kwenye nakala ya pili, na asizidishe: programu hizo hula fidla na herufi "s" pamoja na vumbi, mwishowe mwimbaji anasikika kama yuko ndani ya mtungi.

Kabla ya yote hayo, mzee, piga picha karatasi ya katikati ya kila upande. Halafu inamisha sahani kwenye mwanga, utaona namba zimechongwa kwenye lakiri kuizunguka karatasi hiyo. Ziandike daftarini pamoja na zile zilizochapwa. Kwa namba hizo mtafiti anaweza kujua ni rekodi ipi na ya lini, hata kama jina limefutika. Usibandike selotepu wala kuandika kwa kalamu juu ya sahani. Ukikuta wimbo una "sehemu ya pili" upande wa nyuma, ni kawaida. Upande mmoja wa sahani hiyo ulibeba dakika tatu hivi, na nyimbo za barazani zilikuwa ndefu, hivyo zilikatwa.

Kisha zihifadhi zimesimama wima kama vitabu, kila moja kwenye bahasha ya karatasi, ndani ya sanduku la mbao lililoinuliwa sakafuni. Zikilala moja juu ya nyingine, ya chini ndiyo hupasuka.

Tunapiga ngoma mbili, manyanga na zeze, na sasa tumepata kijana wa kinanda cha vitufe. Zeze na kinanda hawaelewani kabisa. Pia ngoma inalegea kila msimu wa mvua, studio walitufukuza tukiwa nusu.
*Kikundi cha ngoma, Sikonge*

Ngoma kwanza. Ngozi hunywa unyevu wa hewa, inatanuka, sauti inashuka. Mnajua kuiota moto, ila wengi huikosea: wanaielekeza katikati kwenye ndimi za moto. Katikati ndipo panapopigwa, na kwenye ndimi hukauka upesi na kupasuka. Elekezeni ukingo, mbali na moto kiasi cha mkono kuweza kukaa bila kuungua, mkiizungusha polepole kwa dakika kumi. Makaa ni bora kuliko kuni. Siku ya studio nendeni na jiko la mkaa, mlitumie nje, kamwe si ndani ya chumba kilichofungwa. Chumba cha kiyoyozi kitailegeza au kuikaza upya, kwa hiyo iacheni humo robo saa ndipo mrekodi. Na rekodini ngoma mwanzo, wakati bado ina moto, sauti za waimbaji zifuate.

Zeze na kinanda: kosa ni kumlazimisha mwenye zeze amfuate kijana. Zeze hufungwa kwa sauti ya mwimbaji, na mwimbaji ndiye mwenye wimbo. Fanyeni kinyume. Mama aimbe mstari mmoja pasipo ala, zeze lifungwe hapo, kijana atafute noti iliyo karibu kisha atumie kitufe cha kuhamisha ufunguo. Ikibaki tofauti ndogo ya kukera, vinanda vingi vina mahali pa kurekebisha tuni kwa vipande vidogo; mwanzo wake husomeka 440. Ashushe au apandishe hadi mtetemo unaosikika noti mbili zikipigwa pamoja ukome.

Halafu, na hapa tunajua kijana atanuna, aache kupiga kodi nzima, yaani noti kadhaa kwa pamoja. Zeze lina sauti ambazo kinanda hakina kati ya vitufe vyake. Kodi ya noti tatu itagombana nazo angalau mara moja kila mstari. Apige noti moja ya chini na anyamaze zeze linapojibu. Kama hawezi kunyamaza, kinanda kikae nyumbani, wimbo hautakilia.

Tunataka kuimba upya nyimbo za Siti na pia kurekodi wimbo wetu wa kusema juu ya mambo ya kijiji, yenye mtu anayejulikana. Tunahitaji ruhusa ya nani? Na je, tukimtaja?
*Dada wawili, Kasulu*

Dada zetu, kwa sheria ya hakimiliki ya Tanzania Bara ya mwaka 1999, haki ya mtunzi hudumu maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa. Siti alifariki 1950, kwa hiyo kwa alizotunga mwenyewe muda huo umeshapita. Tahadhari ni mbili. Mashairi mengine aliyoyaimba yalitungwa na wenzake walioishi baada yake, na Zanzibar ina sheria yake na ofisi yake. Kwa hiyo kabla ya kuuza, pelekeni orodha ya nyimbo COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania Bara, muulize wimbo mmoja mmoja. Kuimba harusini ni jambo jingine na kuweka sokoni ni jingine. Na mkichukua rekodi *mpya* ya kundi la leo mkaikata na kuitumia, hiyo ina mwenyewe hata kama wimbo ni wa zamani. Ngoma ya asili ya kabila zima nayo ina kifungu chake katika sheria. Mkiirekodi kwa biashara piteni kwanza kwa afisa utamaduni wa halmashauri.

Kumtaja mtu: msimtaje. Tunajua Siti alimtaja Kijiti, lakini kesi ile mji mzima uliijua na ilikuwa imeshafika mahakamani. Ninyi mna maneno ya kisimani. Na kubadili jina tu hakuwaokoi. Mkisema "mwenye baiskeli nyekundu na meno mawili ya dhahabu" na Kasulu yuko mmoja, mmemtaja. Chukueni tendo, mlitoe kwa mtu huyo, mlichanganye na la mwingine wa mahali pengine, jinsia na kazi mkibadilisha kama wimbo unaruhusu. Mtaona watu watano watajishuku badala ya mmoja.

Wimbo wenu mpya unalindwa tangu mlipouandika au kuurekodi, lakini siku ya ubishi utatakiwa ushahidi. Kuusajili COSOTA ndiko kunakoupa ushahidi huo. Ugomvi tunaoandikiwa mara nyingi zaidi hauna uhusiano na ofisi yoyote, ni wa kati ya kikundi na mwenye studio. Kabla ya kuwasha maikrofoni andikeni karatasi moja: nani katunga maneno, nani ghani, nani kapiga nini, kila mmoja asilimia ngapi, na mwenye studio analipwa fedha taslimu au sehemu ya wimbo. Zote ziwe mia. Kila mtu atie sahihi, na mkimaliza mdai faili za kila sauti peke yake, si wimbo uliokwisha kuchanganywa tu. Karatasi hiyo aiweke dada mwenye kutunza fedha, nakala iende studio.